Kuta za Lipu ya Kurusha

Nyumba za Shangani, hapa Mtwara, zile zilizojengwa wakati wa Mwingereza kwa ajili ya watu wake, zilipigwa lipu isiyolainishwa, nje na ndani. Mafundi walichota mchanganyiko wa saruji, mchanga na vikokoto, wakaurusha ukutani kwa mwiko, na pale ulipoganda ndipo ulipoachwa. Ukuta ukikauka ulikuwa na manundu na vishimo mwili mzima, kama uso wa mtu aliyepona ndui. Wenyewe waliuona urembo. Ukiupitishia mkono bila kuangalia, unaondoka na damu.

Mume wangu alikuwa mmoja wa vijana waliorusha lipu ile. Alitoka vijijini huko Nanyamba akiwa bado hajaota ndevu, akaja mjini kutafuta kibarua, akapewa mwiko. Nilipoolewa naye, miaka michache baada ya Uhuru, hakukuwa tena na mtu aliyetaka kujengewa nyumba za namna ile, lakini zilizokuwepo zilichafuka kila mwaka. Kwa hiyo kazi yake ikawa kuziosha kuta alizozirusha mwenyewe.

"Aliyebuni lipu hii," alikuwa akiniambia, "hakuwahi kushika brashi maishani mwake."

Mimi ni mtoto wa pwani, upande wa Msimbati. Nyumbani kwetu ukuta ulikuwa wa udongo. Ukichakaa unakandikwa upya, maisha yanaendelea. Sikujua kwamba kuna watu wanaosha kuta kama sahani. Siku ya kwanza nilipomfuata kazini nilikwenda kumsaidia kuchota maji tu, nikamkuta amening'inia kwenye ngazi ya mianzi, anasugua pembe ya dirisha kwa brashi ya katani, maji ya kijani yanamtiririka mpaka kwapani. Nilicheka sana. Aliniangalia kutoka juu, akasema, "Cheka. Kesho utashika na wewe."

Na kweli nilishika. Wake wa maofisa wa serikali waliokaa nyumba zile hawakupenda mwanamume aingie vyumbani waume zao wakiwa ofisini, kwa hiyo nje pakawa pake, ndani pakawa pangu.

Nje kulikuwa na uchafu wa namna mbili. Juu, chini ya paa, mvuke wa bahari na mvua viliotesha utandu wa kijani ambao ukikauka unageuka mweusi. Chini, karibu na msingi, matone ya mvua yanayodondoka kutoka kwenye bati yalirusha udongo mwekundu mpaka usawa wa magoti, na udongo ule ukishaingia kwenye vishimo vya lipu hautoki kwa maji peke yake. Ndani kulikuwa na moshi wa taa na wa jikoni, mafuta ya vichwa vya watu waliokaa wakiegemea, vidole vya watoto, na kuvu nyeusi nyuma ya makabati. Ukuta laini unaupangusa. Ukuta wa manundu, kitambaa kinanasa na kuacha nyuzi, brashi ngumu inavunja ncha za lipu, brashi laini haifiki ndani. Tulitumia dodoki na makumbi ya nazi yaliyopondwa, na maji ya sabuni ya mche. Vifundo vya vidole vyangu vilikuwa vidonda tangu mwezi wa kwanza. Nikienda kukamua ndimu jikoni nililia.

Alinifundisha kwa uvumilivu. Kwanza ufagie ukuta mkavu, utoe vumbi na buibui wote, kwa maana vumbi likikutana na maji linakuwa tope. Halafu uanze kuosha kutoka chini kwenda juu.

"Chini?" nilimuuliza. "Si maji machafu yatatiririka tena pale nilipokwisha kuosha?"

"Yatiririke penye maji, hayadhuru, utasuuza. Yakitiririka penye ukavu yanachora michirizi, na michirizi ile haitoki mpaka ukuta upakwe rangi upya."

Basi hivyo ndivyo tulivyoishi. Tulikuwa na chumba cha kupanga Vigaeni. Tulitoka asubuhi na ndoo zetu, tukarudi tukinuka sabuni na kuvu. Alikuwa mtu wa maneno machache lakini alipenda kuimba akiwa kwenye ngazi, nyimbo za unyago za kwao ambazo mwanamume hakupaswa kuzijua, na mimi nikiwa ndani nilimgongea dirisha anyamaze. Tulipopata mtoto, msichana, nilimfunga mgongoni nikaendelea na kazi. Alilala vizuri kwa sauti ya brashi.

Mwaka ule masika yalikuwa makali. Ofisa mmoja alihamishiwa Mtwara kutoka bara, akapewa nyumba iliyotazamana na bahari, ambayo ilikuwa imefungwa muda mrefu bila mtu. Mkewe alikuwa mwanamke mchanga, hajazoea joto letu, naye alikuwa na mtoto anayekohoa. Alipotufungulia mlango, harufu ya kuvu ilitutokea mbele kama mtu. Sebuleni ukuta mzima wa upande wa bahari ulikuwa mweusi. Nje ilikuwa kijani kutoka kwenye paa mpaka kwenye udongo mwekundu.

"Mnaweza?" alituuliza yule mama.

Mume wangu aliuzunguka ukuta, akakwangua kidogo kwa ukucha. "Tunaweza, mama. Ndani mke wangu ataosha. Nje nitasugua, halafu tupige chokaa. Lakini unahitaji subira."

"Subira sina. Jumamosi ya wiki ijayo tunapata mgeni kutoka Dar es Salaam, mkubwa wa mume wangu. Hawezi kukuta nyumba hivi."

Tulianza siku hiyohiyo. Mimi nilifunika viti kwa mashuka makuukuu, nikafagia ukuta, nikaanza kuosha. Kila kishimo cha lipu kilikuwa na kuvu yake, na ilinibidi kuingiza makumbi ya nazi kwa ncha ya kidole. Vumbi lake lilinikaba, nikamtoa mtoto mgongoni nikamlaza barazani. Nje, mume wangu alisugua mpaka brashi mbili zikaisha nywele. Akapiga chokaa. Ilipokauka, ule ujani ukachomoza tena, ukatia madoa ya manjano juu ya weupe, kama mkojo kwenye shuka.

Yule mama alitoka akayaona. Hakugomba. Alikaa kwenye ngazi ya baraza akaanza kulia, mtoto wake anakohoa begani. Nafikiri alikuwa mpweke sana kule. Mume wangu aliona aibu.

"Tutapiga mkono wa pili," alimwambia. "Usilie, mama. Utakuwa mweupe."

Lakini chokaa tuliyokuwa nayo ilikuwa imekwisha. Chokaa yetu ilitoka kwenye matanuri ya Mikindani, wanakochoma mawe ya matumbawe. Huja ikiwa mabonge, na kabla ya kupaka lazima izimwe, yaani itiwe majini, ichemke yenyewe, kisha iachwe imefunikwa siku nyingi mpaka itulie kabisa. Yeye hakuwahi kupaka chokaa ambayo haijalala vya kutosha. Mara hii gunia la mabonge lililetwa siku mbili kabla ya mgeni kufika.

Nilimwambia, "Mwambie bwana ofisa haiwezekani."

"Umemwona yule mama anavyolia?"

"Nimemwona. Na chokaa je?"

"Nitaizima taratibu," alisema. "Nitaikoroga mwenyewe, kesho asubuhi niipake ikiwa bado ya moto. Itashika tu."

Asubuhi hiyohiyo ya Alhamisi nilikuwa sebuleni nasuuza sehemu ya mwisho, karibu na dirisha. Yeye alikuwa uani na pipa lililokatwa nusu. Nilikuwa namsikia akikoroga kwa mti, na chokaa ikitokota kama uji mzito. Alikuwa anaimba. Halafu nikasikia mlio, si mkubwa, kama nazi iliyoanguka kwenye tope, na wimbo ukakatika.

Hakupiga kelele. Nilipotoka nilimkuta amepiga magoti, uso mzima mweupe, mikono ameinyoosha mbele kama anayeomba dua. Bonge moja lilikuwa halijavunjika ndani. Maji yalipolifikia likapasuka usoni pake.

"Maji," alisema. "Mama mtoto, maji."

Kabla sijafika alikwisha kuipapasa ndoo iliyokuwa jirani akatumbukiza uso. Ilikuwa ndoo yangu ya maji machafu, niliyoitoa nje kuimwaga, maji ya sabuni na kuvu ya ukuta mzima. Nilimvuta. Nilikimbilia bomba, bomba lilikuwa linatoa uzi wa maji tu. Yule mama alitoka jikoni mbio. Akaniambia, "Wewe unanyonyesha. Mkamulie maziwa machoni, haraka!" Nami kwetu nilikuwa nimeona hivyo, mtu akiingiwa na utomvu au mchanga machoni. Nilimlaza chali kwenye majani, nikamkalia kifuani, nikafungua gauni pale uani mchana kweupe, nikamkamulia maziwa ya mtoto wake ndani ya macho. Alijitahidi kuyafumbua. Maziwa yaliingia meupe, na yaliyotoka yalikuwa na vipande vidogo vya chokaa.

Bwana ofisa aliitwa kutoka ofisini, akaja na Landrova ya serikali, akatupeleka hospitali yeye mwenyewe akiendesha. Njia nzima mtoto wangu alikuwa analia njaa, nami sikuwa na maziwa yaliyobaki ya kumpa.

Daktari alimwosha macho kwa maji mengi sana, akamwosha tena, muda mrefu. Aliniuliza tulitia nini, nikamwambia. Alitikisa kichwa, akasema maji ndiyo dawa, maji tu na mengi, lakini kwa moto wa chokaa ile hata maji yangesaidia kidogo tu. Hakutulaumu. Tulifanya tulilolijua.

Walimfunga kitambaa. Siku walipokifungua nilikuwepo. Macho yake yalikuwa yamegeuka rangi ya yai lililochemshwa, hayana mboni. Daktari alipitisha taa mbele yake.

"Unaona kitu?"

"Naona kama kuna mlango umefunguliwa mbali."

"Na jicho hili?"

"Hili hamna."

Daktari akaniita pembeni, akaniambia nisitegemee kwamba ataona zaidi ya hivyo.

Niliporudi kitandani, neno la kwanza mume wangu aliloniuliza lilikuwa, "Ukuta vipi?"

"Ukuta gani?"

"Wa nje. Ulipigwa mkono wa pili?"

Ukuta ule nilikuwa nimeumalizia mimi. Siku ileile ya ajali, jioni, alinishika mkono pale wodini akaniambia nirudi nikapake, kwa sababu tulikuwa tumeahidi. Mama mkwe wangu, aliyekuwa ametoka Nanyamba kwa lori baada ya kupata habari, alinifokea mbele ya wagonjwa wote. "Mwanangu amekufa macho, wewe unakwenda kupaka rangi?" Nilikwenda. Chokaa kwenye pipa ilikuwa imepoa na kutulia. Niliipaka Ijumaa kutwa, kutoka kwenye ngazi ambayo sikuwahi kuipanda kabla ya siku ile, nikiwa naogopa urefu wake na naogopa kila tone lililonirukia mkononi. Ulitoka mweupe.

Mgeni alikuja Jumamosi, nami nilikuwa nyuma ya nyumba nafua mashuka ya viti. Alikaa barazani akitazama bahari, akanywa maji ya madafu, akazungumza na mwenyeji wake mambo ya ofisini, akaondoka kabla ya chakula. Sebuleni hakuingia. Yule mama alinifuata kwenye karo akasimama tu. Kisha aliniambia, "Nisamehe, dada." Lilikuwa neno la kweli, nami nililipokea, lakini sikujua nilifanyie nini.

Mume wangu alirudi Vigaeni akiwa mtu mwingine. Watu huwa wanasema kipofu hutulia, husikia vizuri, huwa na busara. Wangu hakutulia. Alipiga teke sahani iliyokuwa njiani mwake, kisha akakaa kutwa akiona aibu. Akisikia wapangaji wenzetu wanacheka uani aliamini anachekwa yeye. Alikataa fimbo. Alikataa kushikwa mkono kwenda msikitini, kwa hiyo akaacha kwenda msikitini. Mtoto alipoanza kutambaa alimwogopa yule baba anayemkodolea macho meupe, akawa anaanza kulia kila akisogezwa kwake. Hilo ndilo lililomuumiza kuliko yote. Nilimwona siku moja ameketi mlangoni, mtoto amelala mkekani karibu yake, naye anampapasa uso polepole sana, kwa nyuma ya vidole, kwa kuwa viganja vyake vilikuwa vigumu na alijua vitamwamsha.

Kazi niliendelea nayo peke yangu, ndani na nje. Nyumba nyingine walinikataa. Hawakutaka mwanamke kwenye ngazi. Nyingine walinipa kwa kunionea huruma.

Baada ya muda mrefu aliniambia, "Nichukue kazini."

"Utafanya nini, baba mtoto?"

"Nitaosha sehemu ya chini. Lipu naijua kwa mikono. Pamechafuka wapi, nitapagusa."

Nilifurahi, nisiseme uongo. Nilimpeleka kwenye nyumba moja isiyo mbali na soko, mwenyewe mama mtu mzima aliyekuwa amepata kututumia zamani. Nilimweka ukutani, nikampa ndoo na dodoki. Alianza kufanya kazi, na ilikuwa ajabu kumtazama. Alipitisha ncha za vidole kwenye kila nundu, akisikia utelezi wa kuvu akasugua, akagusa tena, akasogea. Mabega yake yalilegea. Alianza hata kuimba kwa sauti ya chini.

Lakini uchafu si utelezi tu. Uchafu una rangi, na rangi haigusiki. Maji yake yalipochafuka hakuyaona, akaendelea kuyatumia. Aliponyoosha mkono juu, akiruka sehemu iliyokuwa bado kavu, michirizi ikateremka, mmoja, na mwingine, mirefu, ya kahawia, naye anaimba. Nilitaka kumwambia. Nilishindwa. Nikasema moyoni kwamba nitairekebisha akishapumzika.

Mwenye nyumba akatoka. Alitazama ukuta, akanitazama mimi, akanivuta mpaka karibu na tangi la maji na kusema kwa sauti ambayo yeye aliidhani ndogo, "Mwanangu, sina ubaya naye, ila si bora akae tu nyumbani? Ona alivyouchora ukuta wangu."

Wimbo ulikatika.

Aliliweka dodoki ndani ya ndoo, taratibu. Akajifuta mikono kwenye suruali. Tulirudi nyumbani ameshika ncha ya kanga yangu, na njia nzima alikuwa anakunjua na kukunja vidole vya mkono wake wa kulia. Nilimwambia yule mwenye nyumba hana adabu. Nikamwambia michirizi nitaitoa mimi kesho. Tulipofika chumbani alikaa kitandani na kuniambia, "Nirudishe kwa mama."

Tulibishana mpaka nikachoka. Aliniambia hapa mjini yeye ni mzigo uliowekwa kwenye njia ya watu. Aliniambia kule kwao anajua kila mkorosho uliposimama. Nilipomuuliza mimi na mtoto je, akasema, "Nyinyi mna macho."

Nilimpeleka. Tulipanda lori la magunia, akakaa nyuma na mimi, upepo unampiga usoni, na kwa mara ya kwanza tangu ajali niliona anatabasamu, tulipoanza kupanda kutoka pwani na harufu ikabadilika kuwa ya udongo mkavu na moshi wa mashamba. Mama yake alifunga kamba kutoka mlangoni mpaka chooni, na nyingine mpaka kwenye mikorosho ya karibu. Msimu ulipofika alikaa chini akitenganisha korosho na mabibo, kazi ya vidole tu, na hakuna aliyemshinda. Kila nilipoweza nilikwenda kumwona. Alinenepa kidogo. Akarudi kwenda msikitini, akishika bega la jirani. Mtoto alipokua kidogo akaacha kumwogopa. Alimwongoza kwa kumshika kidole kimoja, anamwambia, "Baba, hapa kuna jiwe," na yeye anainua mguu juu sana, kwa makusudi, ili mtoto acheke.

Nilianza kufikiri kwamba mambo yetu yamekaa pale, si pazuri, lakini pa kuvumilika.

Kisha ukaja mwaka ambao watu wa vijijini walihamia kwenye vijiji vipya, nyumba zikawa kwenye mistari kando ya barabara. Mama mkwe na mwanawe walihama pamoja na majirani zao wote. Nilipokwenda huko mvua zilikuwa zimekwisha kuanza. Niliulizia njiani nikaonyeshwa kibanda cha fito na nguzo, kimeezekwa upande mmoja, hakijakandikwa. Mama mkwe alikuwa amelala kwenye mkeka anatetemeka homa. Mume wangu alikuwa ameketi katikati ya chumba kwenye kigoda, hajaegemea popote.

"Mbona umekaa hivyo?" nilimuuliza.

"Huku sijui ukuta uko wapi," alisema. "Nikinyoosha mkono, unapita nje."

Kamba hazikuwepo. Mikorosho aliyoijua ilikuwa mbali, hakuna wa kumpeleka. Tangu wahamie alikuwa amepotea mara nyingi. Nyumba zote zilikuwa na umbali mmoja na umbo moja, na aliingia kwa watu akidhani kwake. Mara ya mwisho alikutwa shambani kwa mtu, amelowa, anaita jina la mama yake.

Nilibaki. Mtoto nilikuwa nimemwacha mjini kwa mama yangu mdogo. Nilichimba udongo nyuma ya kibanda, nikauchanganya na maji na nyasi, nikaukanyaga mpaka ukalainika. Aliposikia miguu yangu kwenye tope aliuliza, "Unakandika?"

"Nakandika."

Akatoka akipapasa, akavua shati. Tuliukandika ukuta ule pamoja, mimi nje, yeye ndani. Alijaza tope kati ya fito kwa ngumi, akalipigilia, akalilainisha kwa kiganja, tena na tena, mpaka likawa laini kama upande wa chungu. Hakuacha nundu hata moja. Alisema, "Ukuta ni huu, mama mtoto," na alicheka, nami nilicheka upande wa pili, tukasikiana kupitia fito ambazo hazijajazwa.

Udongo haukuwahi kukauka vizuri kwa ajili ya mvua. Mama mkwe alifariki kwanza. Tulimzika mvua inanyesha, kaburi linajaa maji kila likichotwa. Nilitaka turudi mjini siku ileile, lakini alikuwa na arobaini ya mama yake, akaniomba tungoje. Katika kungoja homa ikampata na yeye. Zahanati ilikuwa mbali, na njia ilikuwa tope. Majirani walimbeba kwenye kitanda cha kamba, wakipokezana mabegani, nami nikitembea pembeni nimemshika mguu. Alizungumza karibu njia nzima, maneno yaliyochanganyika: ngazi imekaa vibaya, mama asilie, nani amefungua mlango. Halafu tukasikia ametulia, na waliombeba wakaendelea na safari muda kidogo kabla ya yeyote kati yetu kuthubutu kusimama.

Tulirudi naye. Alizikwa jirani na mama yake.

Mimi nilirudi Shangani, kwenye kazi ileile, kwa sababu ndiyo niliyoijua na mtoto alikuwa anakua. Nyumba yenye kutazama bahari ilikuwa na watu wengine. Waliniita mara kadhaa niwaoshee ukuta wa sebuleni, nikaosha. Watu huniuliza niliwezaje. Ukuta ni ukuta. Kuvu ilikuwa imerudi mahali palepale nyuma ya kabati, ilikuwa lazima itolewe.

Binti yangu alipokuwa na akili ya kuuliza, alikaa nami uani siku moja tunachambua mchele, akaniambia, "Mama, baba aliwahi kuniona?"

Nilimwambia kweli. Nilimwambia alikuona tangu siku uliyozaliwa mpaka ulipoanza kukaa mwenyewe bila kuegemezwa. Alikuona ukicheka. Alikuona meno yako mawili ya chini. Asubuhi ile kabla ya kwenda kwenye pipa alikupita barazani, ulikuwa umelala kifudifudi, akakugeuza, akakutazama, akanambia miguu yako ni ya kwao.

Aliitazama miguu yake muda mrefu. Kisha akaendelea kuchambua mchele.